Kicheko cha Birika

Waliokaa mbele inameni kidogo wa nyuma waone. Waliosimama mlangoni chagueni, ndani au nje. Hii ni kesi, na mahakimu ni nyinyi. Kuna watu watatu, kila mmoja na kipaji chake, na kuna mstari mmoja wa kuandika jina. Mstari mmoja, jina moja. Mkishindwa kuhukumu msije kusema hamkuelezwa.

Wa kwanza aliitwa Gunvor, bibi wa Kiswidi wa miaka sitini na tano, edita wa filamu. Kipaji chake kilikuwa kukata. Mpe picha za siku nne mfululizo, mtu anaingia, mtu anatoka, mtu anavua buti, atajifungia nazo chumbani miezi mitatu, halafu atatoka na saa mbili ambazo huwezi kupunguza hata kope moja. Wenzake walihesabu dakika. Yeye alihesabu sekunde, na sekunde yenyewe alikuwa anaigawa.

Wa pili aliitwa Nyamizi, mwenye kibanda umiza pale Nzega: chumba cha mabati, tivii moja kubwa, mabenchi kumi na moja, joto la bure. Kipaji chake kilikuwa kupanga. Akiangalia tu mgongo wa mteja anajua huyu atakaa au anatafuta viatu. Filamu yoyote iliyoingia kwenye kompyuta yake ilitoka na umbo lingine, kama suruali iliyopitia kwa fundi.

Wa tatu aliitwa Luhende, mwenyewe akijiita Profesa. Yeye ndiye aliyeshika maiki pale kibandani na kuwasemea Wachina, Wahindi na Wamarekani kwa Kiswahili. Kipaji chake kilikuwa kusema. Lugha za hao watu hakujua hata moja. Kiingereza chenyewe walipishana nacho kidato cha pili, kila mmoja akashika njia yake. Ila mwonyeshe mdomo unaocheza, atakuambia unatakiwa kutoka nini.

Sasa twende na Gunvor, maana moto ulikuwa unamuunguza yeye.

Huyu bibi alikulia huku huku. Baba yake alikuwa fundi wa mitambo kwenye hospitali ya misheni porini huko, na mtoto alicheza na watoto wa Kinyamwezi mpaka alipofika miaka kumi na miwili, wakamrudisha Uswidi. Kwa hiyo Kiswahili chake kiligoma kukua. Kilibaki na miaka kumi na miwili, mwenyewe akaendelea kuzeeka.

Alipofika kumi na tisa akapata kazi Stokholmu, kufagia. Enzi hizo filamu ilikuwa utepe, inakatwa kwa mkasi na kuungwa kwa gundi, na vipande vinadondoka chini kama nywele saluni. Gunvor alikuwa anafagia huku anavitazama kwenye mwanga. Siku moja akamfuata bosi na kipande kutoka kwenye takataka, akamwambia, "Hiki ulichotupa ndicho kizuri." Bosi alikasirika siku nzima, jioni akakirudisha kipande. Kesho yake ufagio akapewa mtu mwingine.

Miaka arobaini na sita akakata filamu arobaini na moja. Jina lake lilikuwepo kwenye zote, tatizo ni mahali. Lilipita mwishoni, dogo, wakati watu wanatafuta makoti. Mama yake mzazi, kila akirudi Uswidi likizo, alikwenda sinema kulisoma, mara tisa, na mara zote tisa kuna mtu alisimama mbele yake.

Filamu ya arobaini na mbili ndiyo ilikuwa ya mwisho kabla hajastaafu, na ilikuwa ya kuchekesha. Inahusu mzee anayeitwa Siksten. Kanunua jeneza lake mapema kwa sababu lilikuwa na punguzo, akaliweka sebuleni, analitumia kama benchi. Kuna jirani yake, mama mmoja, kila siku anamletea mikate na anaketi naye juu ya jeneza hilo hilo. Mwishoni fundi aliyeliuza analitaka, kuna mtu mwingine amefariki kweli. Wanalivutana kwenye theluji, Siksten anadumbukia ndani amekumbatia birika lake, jeneza linashuka mlima naye mpaka kanisani.

Unaona inachekesha. Basi wakaitisha watu ishirini Stokholmu waijaribu. Saa mbili na dakika ishirini, mmoja akakohoa. Wakati wa kutoka wakamshika Gunvor mkono wakasema filamu imewafanya watafakari. Ukitengeneza kichekesho Mswidi akakuambia ametafakari, ujue umekwisha.

Mwenye filamu, mzee mmoja anaitwa Torkel, akamwita ofisini. "Gunvor, nakupa wiki tatu. Uniletee filamu watu wanacheka. Ukishindwa namkabidhi kijana mwingine, na jina linalopita mwishoni litakuwa lake."

Hata lile jina dogo la kwenye makoti linakwenda. Filamu ya mwisho, na atoke bila jina.

Gunvor akaitia filamu kwenye kompyuta yake, akapanda ndege. Wazazi wake walizikwa kule misheni, akasema akapalilie makaburi, labda kichwa kitafunguka. Alipalilia siku mbili. Hakikufunguka kitu. Siku ya tatu mchana yuko gesti pale Nzega anakunywa soda, akasikia ng'ambo ya barabara watu wanacheka. Halafu wanacheka tena. Kwao watu hucheka kwa ndani, kama mtu anayemeza kidonge. Hawa walikuwa wanacheka mpaka mabati yanaitika. Akaiacha soda, akavuka barabara.

Nyamizi alikuwa mlangoni anasimamia kiingilio.

"Shikamoo," Gunvor akamwambia.

"Mama, hiyo mimi ndiye wa kukupa wewe."

Luhende akatokeza kichwa, maiki mkononi, kijana wa miaka ishirini na sita. Gunvor akamgeukia. "Shikamoo."

"Marahaba, mwanangu," Luhende akajibu, na aibu hana.

"Naomba kucheza na nyinyi," bibi akasema. "Nina filamu."

Nyamizi akamtazama, akatazama begi la kompyuta, akamsogezea stuli. "Mama, kwanza kaa. Hiyo filamu ina ngumi?"

"Ina jeneza."

"Leta tuone."

Kesho yake asubuhi Nyamizi aliitazama filamu nzima huku anakula chapati, Gunvor pembeni amekunja mikono kama mtu anayesubiri majibu ya hospitali. Kichina, Kihindi, vyote vilishapita kwenye kompyuta ile, lakini Nyamizi hakuwahi kuona watu wanaokaa kimya vile. Akamaliza chapati, akafuta mikono, akashika kipanya. Akaenda mwishoni kabisa, lile jeneza linaloshuka mlima, akalivuta mpaka mwanzo.

Gunvor akashika meza. "Huo ni mwisho."

"Ndiyo, mama."

"Mwisho unakaa mwishoni."

"Mama, spika yangu moja iko nje. Mtu anapita zake kwenda sokoni, akisikia vurugu anachungulia, akichungulia analipa. Hapa filamu zote zinaanza na vurugu. Ukianza na mzee anatazama dirisha, huo mwisho wako atauona nani, mimi na wewe?"

"Sasa watakuwa wamejua kila kitu."

"Watakuwa wamejua anadondokea kwenye jeneza na birika. Hawajui kwa nini. Sasa hapo watabanduka?"

Halafu Nyamizi akaanza kuondoa. Saa kumi jioni kulikuwa na mpira na chumba kilitakiwa kiwe wazi, kwa hiyo filamu ilipaswa kubaki saa moja na dakika ishirini. Theluji inadondoka, toa. Mzee anafunga kamba za viatu, toa. Kila kipande kilipotoka Gunvor alihisi kama anang'olewa jino, na alikuwa na meno mengi. Wakafika kwenye birika.

Hapo Siksten kakaa juu ya jeneza, jirani kamaliza kusema jambo, na mzee hajibu, anatazama birika likichemka. Sekunde arobaini na moja. Torkel alitaka kumi tu. Mpiga picha alileta dakika nne. Gunvor alikaa nacho kipande hicho wiki mbili, anapunguza, anaongeza, anatembea chumbani, anarudi, mpaka akajua ni arobaini na moja, hata nusu sekunde usiguse.

Nyamizi akainua kipanya.

"Hapo acha," Luhende akasema kutoka kwenye benchi. "Dada, katika saa moja na dakika ishirini mimi lazima ninywe maji mahali. Niwekee hapo."

"Haya. Hapo ni pa maji ya Profesa."

Gunvor akapumua. Kimya chake kimepona kwa sababu ya kiu ya mtu.

Saa nane na nusu mchana chumba kimejaa. Gunvor kakaa benchi la nyuma kabisa karibu na mlango, aweze kukimbia. Kwenye tivii jeneza linashuka mlima na mzee ndani, birika kifuani, na Luhende kambatiza jina na kumsemea: "Jamani nani kafungua breki? Mimi Mzee Kashindye nilisema nitakwenda kanisani, sikusema leo." Watu wakaangua. Wawili waliokuwa wanapita barabarani wakachungulia, wakalipa.

Mambo yakaenda hivyo. Mwisho wa saa likafika birika. Yule jirani wa Kiswidi anatazama dirishani na anasema, kwa Kiswidi chake, kwamba theluji mwaka huu imechelewa. Basi, ndiyo maneno aliyopewa. Luhende akamwangalia yule mama usoni, akaangalia mikate, akasema kwa sauti ya taratibu: "Kashindye. Miaka sita nakuletea maandazi. Leo naomba jibu. Mimi, au hilo jeneza?"

Akaweka maiki chini. Akafungua chupa yake ya maji.

Mzee anatazama birika.

Sekunde ya tano, kuna mtu akaguna. Ya kumi, mama mmoja mbele akasema, "Mjibu mwenzio." Ya kumi na tano likasikika cheko moja pembeni, la mtu anayejizuia. Wanalijua lile birika, wameliona linaingia kwenye jeneza tangu mwanzo. Wanalijua swali. Mzee hatikisiki. Ya ishirini na tano mabenchi yanatingishika. "Anamtongoza birika," mmoja akasema, na waliokuwa wameanza kutulia wakaanza upya. Ya thelathini na tano kuna mzee mzima kashuka kwenye benchi, kakaa chini kabisa anafuta macho na kofia. Ya arobaini na moja birika likapiga mluzi, Siksten akasimama, na mabati ya Nyamizi yakaitika mpaka gesti.

Gunvor hakukimbia. Kashika benchi kwa mikono miwili, machozi yanamtoka, na hakuwa anacheka. Miaka arobaini na sita alikuwa hajawahi kusikia mkato wake ukifika kwa mtu.

Basi wakaifanya kazi upya kwa ajili ya Stokholmu. Mpango wa Nyamizi, kama ulivyo. Sauti ya Luhende kwa Kiswahili, kama ilivyo, maandishi ya Kiswidi yanapita chini. Sekunde za Gunvor, kama zilivyo. Wakamtumia Torkel. Torkel akapiga simu, kimya, halafu ikasikika kelele kama mtandao unakata. "Torkel, sikusikii," Gunvor akasema. Kumbe alikuwa anacheka, ni vile tu hakuna aliyewahi kumsikia.

Gunvor akaongeza muda gesti. Filamu ikaonyeshwa kwenye tamasha kubwa huko kwao, ukumbi mzima, na kwenye birika Torkel akainua simu juu ili Nzega wasikie. Waswidi mia nane wanacheka kwa nje. Luhende akawasikiliza, akasema, "Wanajifunza."

Halafu ikaja barua kwenye simu ya Gunvor. Tamasha limeipa filamu Mkasi wa Shaba, tuzo ya mwaka ya edita. Jina la mshindi linasomwa jukwaani taa zikiwa zimewaka, hakuna mtu ameshika koti. Kuna fomu ya kujaza, na kwenye fomu swali moja: Nani aliikata filamu hii? Mstari mmoja. Chini wameandika kwamba majina mawili hayapokelewi, yakiandikwa mawili tuzo inakwenda kwa filamu nyingine.

Torkel akapiga. "Gunvor, unasubiri nini? Jaza. Jina lako, Gunvor. Mwisho ni Alhamisi mchana."

Angejaza palepale. Nani Nzega angejua? Alishika simu nusu saa nzima, na kwa Kiswahili chake cha utotoni akaona huu ni wizi wa kucheza pamoja halafu ukakimbia na mpira. Akavuka barabara, akawasomea fomu.

Nyamizi alikuwa anafuta mabenchi, akaendelea kufuta benchi lile lile.

"Mimi sipendi maneno," akasema. "Ila swali linauliza nani alikata. Mimi nilikata. Saa nzima ya filamu niliitoa mimi, mbele ya macho yako, mama, na ulikuwa umeshika meza."

"Ulikata uwahi mpira," Luhende akasema.

"Si nilikata?"

"Na mimi nimekata Kiswidi chote, hakijabaki hata neno. Yule mama alikuwa anaongelea theluji, bosi. Theluji. Nani angecheka na theluji?"

"Wewe ulikuwa unakunywa maji," Nyamizi akamwambia. "Watu wamecheka wewe ukiwa umenyamaza."

"Kunyamaza ni sehemu ya kazi."

Gunvor akasema polepole, "Kile kimya ni changu. Nilikitengeneza wiki mbili."

"Ni kweli, mama," Luhende akasema. "Lakini Uswidi walikiona, wakakohoa."

Hilo lilimchoma, na Luhende akaona, akamsogezea stuli. Nyamizi akatupa kitambaa. "Tusigombane. Tupime. Wateja si wapo?"

Jumatatu wakautoa mpango wa Nyamizi. Mwisho ukarudi mwishoni, sauti ya Luhende ipo, sekunde za Gunvor zipo. Ilianza mzee anatazama dirisha. Spika ya nje ikanong'ona, wapita njia wakapita. Waliokuwemo walipofika kwenye birika hawakujua lile birika lina habari gani. Wakasubiri lichemke. Likachemka.

Jumanne wakayatoa maneno ya Luhende. Mpango upo, sekunde zipo, Profesa kakaa kwenye benchi kafunga mdomo, na ilimuuma kuliko aliyefiwa. Kwenye birika mteja mmoja akageuka nyuma. "Nyamizi, spika imekufa." Yule mama akasema yake ya theluji, mzee akatazama birika, na watu wakamtazama Nyamizi.

Jumatano wakazitoa sekunde za Gunvor. Mpango upo, maneno yapo. Mchana wakaweka kumi, kama Torkel alivyotaka: swali likaulizwa, birika likapiga mluzi, watu hawajafungua hata midomo. Onyesho la pili wakaweka dakika nne zile za mpiga picha: kicheko kikaja, kikapita, kikafa, na nusu ya chumba ikaenda kununua mihogo.

Kwa hiyo kila mmoja ukimtoa, filamu inakufa, na inakufa kifo kile kile.

Alhamisi asubuhi wakakutana tena, na safari hii hakuna aliyetania. Nyamizi akasema, "Mama, miaka kumi naambiwa hapa kwangu ni kijiwe. Jina langu sijawahi kulisikia likitajwa na mtu asiyenidai. Lakini sikufanya kwa nia ya filamu yako, nakubali."

Luhende akasema, "Mimi nikitoka hapa filamu ikiisha hakuna anayeuliza nani alisema. Wanasema muvi ilikuwa kali. Nia ninayo, mkasi sikushika, nakubali."

Gunvor akasema, "Mimi nilishika mkasi, nia nilikuwa nayo. Peke yangu nikashindwa." Akaitazama fomu kwenye simu. "Na sitapata filamu nyingine."

Nyamizi akamtazama Luhende, Luhende akatazama chupa ya maji. Halafu Nyamizi akasema, "Sisi hatukuandikii, mama. Fomu imetumwa kwako. Ukiandika la kwako hatutakununia. Ukiandika letu, uandike bila kutuonea huruma."

Simu ikalia. Torkel. "Gunvor, muda unaisha. Nikuandikie mimi? Niambie jina tu."

Gunvor kaweka simu sikioni, kafungua mdomo.

Nami hapo namwacha, mdomo wazi. Kuna aliyekata akashindwa, kuna aliyepanga bila kukusudia, na kuna aliyesema bila kushika mkasi. Mstari ni mmoja na mtu anasubiri kwenye simu. Kabla hajasema, nataka kukusikia wewe hapo mbele, halafu na nyie wa mlangoni: fomu ingekuwa mkononi mwako, ungeandika jina la nani?